Kopo Lisiloganda

Kwa miaka miwili na miezi minne sikuwa nimeonja pombe, na katika familia yetu nilikuwa nimemwambia sababu mtu mmoja tu. Mtu huyo alikuwa mdogo wangu. Wengine wote niliwaambia nina vidonda vya tumbo. Ni uongo unaofaa sana huku kwetu Nyeri, maana kila ukoo una mtu wa vidonda vya tumbo na hakuna anayeuliza zaidi. Watu wanakuletea maziwa na kukushauri uache maharagwe, basi.

Tuko wawili tu kwa mama. Mimi, kifungua mimba, nilipewa jina la nyanya mzaa baba, kama ilivyo desturi yetu, na mdogo wangu akapewa la nyanya mzaa mama. Ndiyo maana mpaka leo mama humwita maitu, yaani mama yangu. Sikuwahi kumwonea wivu kwa hilo. Niligundua tu mapema kwamba si rahisi mtu kumkaripia yule anayemwita mama.

Mdogo wangu ana duka la nguo katika mji wa Kenol, karibu na pale magari ya Murang'a yanapoiacha barabara kuu. Ni mchangamfu, anajua kumfanya mteja aliyekuja kununua soksi aondoke na gauni, na akicheka hufunga macho kama mtoto. Siku zangu za kunywa nilikunywa naye. Ndoa yangu ilikuwa imekwisha, kijana wangu alikuwa shule ya bweni, na kila Ijumaa nikitoka shuleni nilikwenda kwake. Tulifunga duka, tukavua viatu, tukanywa na kucheka mpaka machozi. Siwezi kusema hatukuwa na furaha. Tulikuwa nayo.

Tofauti yetu ni kwamba Jumatatu yeye alifungua duka, mimi nikaendelea. Mimi ni mwalimu wa sayansi kimu: upishi, ushonaji, usafi wa nyumba. Ndani ya kabati la vitambaa vya kushonea niliweka chupa, na kikombe changu cha chai hakikuwa na chai. Siku moja wasichana walikuwa wakikaanga mandazi, mimi nimeketi mezani nimesinzia, mafuta yakashika moto. Mmoja wao alilowesha kitambaa, akakikamua, akafunika sufuria nacho na kuzima jiko, jinsi nilivyokuwa nimewafundisha. Hakuna aliyeumia. Niliamshwa na moshi nikakuta kila kitu kimekwisha na wasichana thelathini wananitazama.

Nilimpigia simu mdogo wangu, nisimpigie mtu mwingine. Alifunga duka mchana kweupe akaja. Alinisikiliza, akalia nami, na wiki iliyofuata akanipeleka kwenye kikundi cha watu wanaoacha pombe, kinachokutana kila Jumanne katika chumba cha nyuma cha kanisa moja mjini. Siku hiyo ya kwanza aliketi nami kwenye kiti cha plastiki mpaka mwisho. Nilimwomba asimwambie mtu, hasa mama. Akaapa.

Basi mwaka huu mama alikuwa anatimiza miaka sabini na mitano, na tukakubaliana sherehe iwe kwangu, Jumamosi moja ya Februari. Februari jua letu la mchana ni kali, nyasi zinakauka na watu wanatafuta kivuli, ingawa jua likitua tu kila mtu anakumbuka sweta. Mama angekuja kutoka kwake Kutus na wenzake wa kanisa, halafu mashangazi, binamu, na majirani wangu. Mdogo wangu ndiye aliyetoa wazo la kokteli za barafu. Alikuwa amezinywa katika hoteli moja ya Nanyuki, zile zinazosagwa na matunda yaliyoganda mpaka ziwe kama theluji na kuletwa kwenye glasi ndefu na mrija. Alisema, wewe ndiye mwalimu wa upishi, hebu waonyeshe.

Watu wa kikundi changu walikuwa wameshanionya kuhusu kuweka pombe nyumbani, hata ya wageni. Lakini nilitaka kuifanya kazi hiyo. Kwa zaidi ya miaka miwili nilikuwa mtu wa kukataa: sitakuja, sitakaa, sinywi, tumbo linaniuma. Nilitamani siku moja niwe mtu wa kutoa. Mdogo wangu akaona nasitasita, akaniambia mimi nishughulike na matunda tu. Pombe angeileta yeye, angeipima yeye, na chupa ingeondoka naye kwenye gari lake. Nisingehitaji hata kuigusa.

Alikuja Ijumaa asubuhi, siku niliyokuwa nimeomba ruhusa shuleni, na gunia dogo la maembe alilotumiwa kutoka Kutus. Sijui kama nimewahi kuwa na asubuhi nzuri kuliko ile. Tulimenya maembe tukiwa tumeketi kwenye ngazi za jikoni, juisi ikitiririka mpaka kwenye viwiko. Tulikata matunda ya pasheni na kuchuja mbegu. Nilichemsha sukari na maji kuwa shira, nikaiacha ipoe, nikakamua ndimu, nikachuma minti nyuma ya nyumba. Blenda yangu ni ya zamani, ukiilazimisha inatoa harufu ya waya unaoungua, kwa hiyo tulisaga kidogo kidogo, na kila mara ikipumzika mdogo wangu alinisimulia habari za wateja wake.

Tulitengeneza makopo matatu. Kubwa la kwanza lilikuwa la maembe, la watu wanaokunywa, na hilo mdogo wangu alilitia vodka akiwa amenipa mgongo, kwa heshima kabisa, hata akafungua dirisha ili harufu itoke. La pili, kubwa vilevile, lilikuwa la pasheni bila pombe, la watoto na wazee wa kanisa. La tatu lilikuwa dogo, la matunda damu, yale mekundu yenye umbo la yai na ladha ya uchachu. Hilo lilikuwa langu. Hakuna mwingine kwetu anayependa matunda damu. Mama anasema yana ladha ya nyanya iliyokasirika, na mdogo wangu tangu utotoni hawezi hata kuyanusa. Nilisema nitajitengenezea kopo langu peke yangu ili nami nisherehekee na glasi nzuri mkononi, si maji ya bomba.

Ni lazima nieleze jambo moja la jikoni, maana kila kitu kilikuja kusimama juu yake. Juisi yenye sukari ya kiasi, ukiilaza kwenye friza, asubuhi utaikuta jiwe. Inabidi uitoe, uiache robo saa, uivunje kwa uma, uisage tena. Ukitia pombe haigandi hivyo. Inabaki laini, unaweza kuichota kwa kijiko kama uji uliopoa. Hilo halikuwa kwenye vitabu vyangu vya shule. Nililijua kutokana na miaka yangu mibaya.

Jumamosi wageni walifika kuanzia saa tano. Mama alivaa gauni la zambarau ambalo mdogo wangu alimletea kutoka dukani, na wenzake wa kanisa wakaimba wakimzunguka. Tulikula. Saa nane jua lilipokuwa limetuelemea, mdogo wangu akapiga makofi na kutangaza kwamba mwalimu ana jambo la kuwaonyesha, nami nikaingia jikoni.

Kopo la pasheni lilikuwa jiwe. Nililitoa, nikaliacha, nikalivunja kwa uma, blenda ikanung'unika, nikapaka midomo ya glasi ndimu na sukari. Kopo la maembe lilichotwa kwa kijiko kama nilivyotarajia. Mdogo wangu alizibeba sinia moja baada ya nyingine. Nilisikia kule nje watu wakishangilia, shangazi mmoja akiuliza ni mashine gani inayotengeneza theluji, na nilifurahi kwa namna ambayo sikuwa nimefurahi kwa muda mrefu. Halafu nikafungua kopo langu.

Kijiko kilizama. Kilizama mpaka chini bila shida yoyote.

Nilisimama pale nikikiangalia. Nilijiambia stima ilipotea usiku, friza ikazima. Nyeri stima hupotea mara kwa mara, hilo si jambo la kushangaza. Lakini kopo la pasheni lilikuwa rafu moja na lile langu, na lilikuwa limenivunja mkono. Nikajiambia labda nilizidisha sukari. Sijawahi kuzidisha sukari maishani mwangu. Nilijua, na nataka niliandike hilo bila kulipamba: mkono wangu ulijua kabla sijalisogeza kopo karibu na pua. Nilichota nikajaza glasi, nikaipaka sukari kwenye ukingo kama za wengine, nikaonja.

Ladha ilijificha vizuri chini ya ule uchachu. Mtu mwingine angeweza kutoitambua. Mimi niliitambua kama mtu anavyotambua kikohozi cha aliyewahi kuwa mume wake katika chumba chenye watu wengi. Ningeweza kutema. Sinki lilikuwa hatua moja. Nilimeza, kisha nikanywa glasi yote nikiwa nimesimama, mlango umefungwa, huku nikisikia wimbo wa kumtakia mama maisha marefu. Halafu nikachota tena, safari hii sikujisumbua na glasi. Nilikula kwa kijiko kutoka kwenye kopo.

Mama ndiye aliyenikuta. Alikuwa amekuja kutafuta maji ya kumezea dawa yake ya presha. Alinitazama, akalitazama kopo, akachovya ncha ya kidole na kukiweka kwenye ulimi. Mama yangu hajawahi kunywa pombe, lakini aliolewa na mtu aliyekunywa. Alilichukua kopo mkononi mwangu taratibu, kama unavyomnyang'anya mtoto kisu, akalimwaga lote kwenye sinki na kufungulia maji. Kisha akameza dawa yake, akanifuta mdomo kwa upindo wa leso yake, akarudi kwa wageni.

Sikutoka nje mpaka watu walipoanza kuaga. Nilisema tumbo linaniuma, na mara hii ilikuwa kweli. Mdogo wangu alikuja jikoni na rundo la glasi akaanza kuziosha huku akiimba kwa sauti ya chini. Nilimuuliza kama aliligusa kopo langu.

"Kopo gani?"

"La matunda damu."

"Ah, hiyo. Itakuwa ni stima ilipotea usiku. Hata hiyo ingine ilikuwa imeanza kulegea."

Sikuwa nimemwambia kwamba halikuganda. Nilimtazama, naye akatambua alichokuwa amesema. Aliacha kuosha, akabaki na glasi mkononi na povu likimtiririka kwenye vidole.

"Ilikuwa kidogo tu," akasema.

"Uliitia lini?"

"Jana, ulipoenda kutoa nguo kwa kamba."

Nilimuuliza kwa nini. Nilitaka sana aseme alikosea makopo, ingawa haiwezekani mtu akachanganya jekundu na la maembe. Ningemwamini. Lakini mdogo wangu ana tabia moja, akikamatwa husema ukweli wote mara moja, kana kwamba ukweli ni zawadi.

"Nilitaka dada yangu arudi," akasema. "Wewe sasa ukikuja kwangu, nikifungua chupa unaangalia chupa, hauniangalii mimi. Tunakaa kama watu wa matanga. Nilifikiria ukionja kidogo bila kujua, na hakuna kitu mbaya inafanyika, nitakuambia, na utaona uko sawa. Utaona ilikuwa ni ile shida ya wakati ule tu."

Nilimkumbusha siku ya moto, wasichana thelathini. Akasema anaikumbuka, lakini hiyo ni zamani, na mtu hawezi kujifungia maisha yake yote kwa sababu ya sufuria moja. Kisha akaniuliza swali ambalo sijaweza kulisahau.

"Ulikunywa ngapi?"

Aliuliza kwa sauti ya chini, na usoni mwake niliona kitu kama matumaini.

Nilimwambia aondoke. Sikupaza sauti. Alijikausha mikono, akachukua mkoba na ile chupa, kwa maana aliahidi kwamba itaondoka naye, akaenda kumbusu mama na kumwambia amepata dharura dukani. Nilisikia gari lake likiteremka hadi barabarani.

Mama alilala kwangu siku hiyo. Jua lilipokuwa linatua tuliketi nje kati ya viti vya kukodi, na nikaanza kumweleza. Nilianza na kabati la vitambaa. Akanizuia kwa mkono. Akasema anajua. Mdogo wangu alimwambia wiki ile ile ya moto, kwa simu, akilia.

Kwa hiyo alijua tangu mwanzo. Nilimuuliza habari ya maziwa, yale aliyonitumia kutoka Kutus kwa zaidi ya miaka miwili kwa ajili ya vidonda ambavyo alijua sina. Akajibu kwamba maziwa ni mazuri kwa kila mtu. Ningecheka siku nyingine. Siku hiyo nilihisi kama mtu aliyekuwa akijificha nyuma ya pazia huku miguu yake inaonekana, na kila mtu sebuleni amekubali kutoitazama. Nikamweleza mama alichofanya mdogo wangu. Mama alikunja leso yake na kuikunjua mara kadhaa.

"Maitu hakukusudia ubaya," akasema mwishowe.

"Alikusudia, mami. Alingoja nitoke nje."

Nilimtandikia kitanda changu, nami nikalala kwenye kochi.

Jumatatu nilipotoka shuleni nilinunua chupa. Sikusukumwa na mtu wala sikudanganywa na rangi ya matunda. Niliingia, nikaitaja kwa jina, nikaiweka kwenye mkoba pamoja na madaftari ya wanafunzi. Nilikunywa siku tisa. Siku ya kumi ilikuwa Jumatano, na nilimpigia mzee anayeongoza kikundi chetu, dereva mstaafu mwenye sauti ya kukwaruza, nikamwambia siwezi kungoja mpaka Jumanne. Alikuja na mkewe. Mkewe alipika uji, yeye akamwaga kilichobaki, na hakuna aliyenihubiria.

Kwenye kikundi niliposimulia, wengine walikasirika kwa niaba yangu. Mama mmoja muuza viazi alisema mtu wa namna hiyo si dada. Dereva mstaafu aliniuliza tu, glasi ya kwanza ni ya nani na zilizofuata ni za nani. Nimelifikiria swali hilo sana. Glasi ya kwanza ninampa mdogo wangu bila kusita, ila kuna ile dakika niliyosimama nikiangalia kijiko kilichozama, na dakika hiyo sijui niiweke upande gani. Ikiwa ni yangu, basi itabidi nijisamehe mwenyewe kabla sijamfikia yeye.

Mdogo wangu alinipigia simu kwa miezi. Sikushika. Alituma jumbe, mwanzoni ndefu, za kujieleza, kisha fupi, kisha picha za nguo mpya zilizoingia dukani, kana kwamba tukianza na nguo tutafika mahali. Sikujibu hata hizo. Kilichoniuma kuliko vyote si ile vodka. Ni kwamba asubuhi ile ya maembe, kwenye ngazi, alipokuwa akinisimulia habari za wateja mpaka nikashindwa kupumua kwa kicheko, alikuwa tayari anajua atakachofanya mchana. Au hakuwa anajua, na alifikiria tu ghafla nilipokwenda kutoa nguo. Nimejaribu kuchagua lipi ni afadhali. Sijaweza, na sitamuuliza, kwa sababu ataniambia.

Agosti tulikutana kwa mama, Kutus. Ilikuwa siku ya baridi, ukungu haukuondoka hata saa sita, na mama alikuwa ametuita sote wawili bila kumwambia yeyote kati yetu kwamba mwenzake anakuja. Nilimkuta mdogo wangu jikoni akimenya viazi. Alikuwa amekonda. Aliniamkia kama mtu anavyomwamkia mkwe. Nilichukua kisu, nikaketi upande wa pili wa beseni, nikaanza kumenya nami.

Baada ya muda alisimama akamimina chai kutoka kwenye birika. Alinipa kikombe kwa mikono miwili. Nilikipokea, na kabla ya kunywa nikakinusa. Sikukusudia. Ilikuwa chai ya maziwa tu, yenye tangawizi, kutoka kwenye birika lile lile ambalo mama na jirani yake walikuwa wamenywea.

Aliniona. Mikono yake ilibaki hewani kidogo, kisha akaketi, akachukua kiazi.

"Samahani," akasema, akikiangalia kiazi.

Nikamwambia nimesikia. Nilikunywa chai yote. Tukamaliza beseni, mama akaingia akauliza kama chumvi iko, mdogo wangu akamwonyesha ilipo. Jioni nilirudi Nyeri. Sasa akipiga simu nashika, tunaongea habari za presha ya mama na bei ya nguo za shule, na mmoja wetu husema mapema kwamba ana kazi.